Balozi Kirk na Misheni ya Kibwezi

Dakta James Stewart, aliyeianzisha misheni ya Waskoti huko Kibwezi mwaka 1891, alikuwa amefika Zambezi mwaka 1862, katika msafara wa Livingstone ambao tabibu wake alikuwa John Kirk. Baadaye Kirk akawa balozi wa Kiingereza Unguja. Na mwezi wa Juni, 1873, kwa kitisho cha manowari, alimshurutisha Sayyid Barghash kufunga soko la watumwa. Wapo wampao sifa ya kuukomesha utumwa. Sifa hiyo imezidi kiasi: mkataba ulihusu masoko na bahari tu, misafara ikageukia nchi kavu, hata ikahitajika amri mpya mwaka 1876. Utumwa wenyewe Unguja haukuondolewa kisheria ila mwaka 1897. Mwaka uliofuata misheni ya Kibwezi, iliyodhoofishwa na malaria, ilihamia Kikuyu.