Bosi, Mtumishi na Redio ya Jumapili

Jumapili ya Pasaka, tarehe 28 Machi 1937, kipindi cha redio cha mchekeshaji wa Marekani Jack Benny kilikuwa na mchezo mfupi wa safari ya treni. Benny na wenzake walikuwa wanarudi California. Hati ilimtaka mhudumu mweusi wa behewa la kulala, ambaye Benny angemuuliza treni itafika lini Albuquerque, naye ajibu kana kwamba mji wa jina hilo hajausikia tangu azaliwe. Ilikuwa kazi ya dakika chache: mtu anasoma mistari yake, analipwa, anakwenda zake. Aliyepewa alikuwa Eddie Anderson, mwigizaji wa miaka 31, mwenye sauti iliyokwaruza kama jembe kwenye changarawe.

Sauti hiyo, kwa maelezo yake mwenyewe, aliipata barabarani. Alizaliwa Oakland, California, mwaka 1905, katika nyumba ya wasanii. Baba yake aliigiza katika maonyesho ya jukwaani ya minstrel, na mama yake alikuwa mwanasarakasi wa kutembea juu ya kamba. Familia ilipokuwa San Francisco, Eddie aliuza magazeti mitaani. Watoto wa kazi ile waliamini kwamba anayepaza sauti kuliko wenzake ndiye anayeuza. Akapaza, koo likaumia, na halikurudi tena kama lilivyokuwa. Kwa kijana aliyetaka kuimba jukwaani, hiyo ilikuwa hasara. Miaka ishirini baadaye ikawa mtaji, maana redio haimwonyeshi mtu sura. Humtambulisha kwa koo lake.

Katikati ya hapo ilikuwapo njia ndefu ya vodevili, yale maonyesho ya mchanganyiko ya nyimbo, dansi na vichekesho yaliyozunguka mji hadi mji. Anderson alicheza na kuimba, kwa muda akiwa pamoja na kaka yake Cornelius. Miaka ya 1930 ilimkuta kwenye klabu ya Sebastian's Cotton Club huko Culver City, karibu na studio za filamu, na studio zikaanza kumwita kwa sehemu ndogo ndogo: mpagazi, mtumishi, mtu wa kupita. Iliyomtoa kidogo kwenye kivuli ilikuwa The Green Pastures ya mwaka 1936, filamu yenye waigizaji weusi watupu iliyosimulia hadithi za Biblia. Humo aliigiza Nuhu.

Kwa hiyo aliyeingia studio ya redio ya NBC siku ile ya Pasaka hakuwa mgeni wa kazi. Alijua kusubiri. Wachekeshaji wengi hujua kusema. Wachache hujua kunyamaza kwa kipimo, na kwenye redio kunyamaza ni hatari, kwa sababu msikilizaji anaweza kudhani mashine imeharibika. Benny mwenyewe alikuwa bingwa wa ukimya huo. Alipokutana na mtu aliyeujua vilevile, hakumwacha aende mbali. Anderson aliitwa tena kwa sehemu nyingine, na kabla mwaka haujafika mbali akawa mhusika wa kudumu: Rochester Van Jones, mtumishi wa nyumbani kwa Jack Benny.

Hapa inafaa kukumbuka redio ya Marekani ilikuwaje. Kipindi maarufu kuliko vyote cha watu weusi, Amos 'n' Andy, kiliigizwa na Wazungu wawili, Freeman Gosden na Charles Correll, waliogeuza sauti zao. Mtu mweusi kuwa na nafasi ya kila wiki katika kipindi kikubwa cha taifa lilikuwa jambo geni. Anderson alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuipata, na aliipata kwa kuigiza mtumishi. Mambo hayo mawili hayatenganishiki katika maisha yake, na sioni faida ya kuyatenganisha.

Lakini utumishi wa namna gani? Benny alikuwa amejitengenezea mhusika wa jina lake mwenyewe: bahili, mwenye majivuno, mpiga fidla wa kuchosha masikio, mzee anayekataa kuvuka miaka 39. Karibu kila kichekesho kilimwangukia yeye. Kundi zima lilikuwapo ili kumchoma, na hakuna aliyekuwa na sindano kali kama mtu aliyemfulia nguo na kumpikia. Rochester alizijua siri zote. Alijua pesa zimefichwa wapi, nywele za bosi zipi ni zake na zipi za dukani, na mshahara wake mwenyewe umecheleweshwa tangu lini. Mara nyingi hakuonekana hadi katikati ya kipindi, simu ilipolia. Bosi akiinua, lile koo lenye mikwaruzo linajitambulisha, na ukumbi unacheka kabla habari yenyewe haijatolewa. Habari ilikuwa mbaya siku zote: gari limezimika, au mgeni amefika, au Carmichael amefanya lake.

Carmichael alikuwa dubu wa ncha ya kaskazini aliyefugwa kwenye chumba cha chini cha nyumba ya Benny, na ilisemekana amemla mtu aliyekuja kusoma mita ya gesi. Kumtunza ilikuwa kazi ya Rochester. Kulikuwa pia na Maxwell, gari kuukuu ambalo bosi alikataa kulibadilisha. Rochester aliliendesha, na kukohoa kwa gari hilo, kupiga chafya kwake na kufa kwake barabarani kulitolewa kinywani na Mel Blanc, yule yule aliyempa sungura Bugs Bunny sauti yake. Watu wazima wawili wamesimama mbele ya maikrofoni, mmoja akiwa dereva na mwingine akiwa injini, na mamilioni ya watu nyumbani wanaliona gari. Filamu haijawahi kulifanya hilo kwa bei rahisi namna hiyo.

Filamu, hata hivyo, ilimtaka. Paramount ilimweka pamoja na Benny katika Man About Town (1939) na Buck Benny Rides Again (1940), na wahakiki wakaandika kwamba mtumishi amempiku bosi wake. Mwaka huo huo wa 1939 alionekana katika Gone with the Wind akiwa Uncle Peter, mzee anayemkimbiza jogoo kwenye mvua. Kilele kilikuwa Cabin in the Sky ya MGM mwaka 1943, filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji Vincente Minnelli. Anderson aliigiza Little Joe, mcheza kamari ambaye mbingu na jehanamu zinaigombania roho yake, huku Ethel Waters akiwa mkewe na Lena Horne akiwa kishawishi. Humo hakuna bosi wa kumpigia simu. Ni mume, ni mkosefu, anaogopa kufa, na ule mkwaruzo ambao kwenye redio ulikuwa wa kuchekesha unageuka kuwa sauti ya mtu aliyechoka na nafsi yake. Nikiulizwa filamu moja ya kumwangalia, hiyo ndiyo ninayoitaja. Baada yake Hollywood ikamrudisha jikoni.

Hata huko jikoni kuna waliomwona amezidi. Mwaka 1945 alicheza katika Brewster's Millions, akiwa mtumishi anayezungumza na bosi wake Mzungu kama rafiki. Bodi ya ukaguzi wa filamu ya jiji la Memphis, chini ya mwenyekiti wake Lloyd Binford, ikaipiga marufuku. Hoja yao ilikuwa kwamba mtu mweusi ameonyeshwa kwa kujuana mno na Wazungu. Kosa lilikuwa katika lafudhi ya usawa.

Upande wa pili walikuwapo waliomwona hajazidi vya kutosha. Rochester wa miaka ya mwanzo alipenda dadu, pombe ya jini na wanawake wa Harlem, na vichekesho hivyo vilitoka moja kwa moja kwenye ghala la zamani la kuwadhihaki watu weusi. Magazeti ya watu weusi yalimsifu kwa nafasi aliyoipata na kulalamikia hati aliyosomeshwa, pengine katika ukurasa mmoja. Baada ya Vita Kuu ya Pili, dunia ilipokwisha kuona dharau ya kabila inaishia wapi, Benny aliwaagiza watunzi wake waviondoe vichekesho vile. Polepole Rochester akabaki na akili yake, ulimi wake na saa zake za kazi zisizo na mwisho. Watunzi walipokuja kufufua hati ya kabla ya vita, barua za malalamiko zilifika. Masikio ya wasikilizaji yalikuwa yamebadilika ndani ya miaka michache tu.

Nje ya studio, mtumishi asiyelipwa alikuwa tajiri. Inaaminika hakuna msanii mweusi wa Marekani aliyelipwa kumzidi katika miaka ya 1940. Alijenga jumba Los Angeles, akawa na watumishi wake mwenyewe, na wakati wa vita aliweka pesa katika kiwanda cha miavuli ya kijeshi huko San Diego kilichoongozwa na mfanyabiashara mweusi na kuajiri watu wa rangi mbalimbali. Alifuga farasi wa mashindano. Mmoja, Burnt Cork, alikimbia Kentucky Derby ya mwaka 1943 na kumaliza wa mwisho. Jina lile ni la kizibo kilichounguzwa, kile ambacho masizi yake waigizaji wa minstrel walijipakia usoni ili kuigiza watu weusi. Mtoto wa msanii wa minstrel hakuweza kulichagua bila kujua.

Alikuwa na sifa moja mbaya, ya kuchelewa. Wenzake walizoea kuanza mazoezi kiti chake kikiwa kitupu.

Kipindi kilipohamia televisheni mwaka 1950, wengi wa redio walipotea kwa sababu sura hazikulingana na sauti. Anderson alipita salama: macho yake makubwa yalikuwa yamekwisha kuonekana sinema, na mwendo wake wa dansi haukuwa umemtoka. Aliendelea hadi programu ya kawaida ilipofungwa mwaka 1965, na katikati ya hapo, mwaka 1963, alikuwa dereva wa teksi katika It's a Mad, Mad, Mad, Mad World, vurugu la wachekeshaji karibu wote wa zama zake. Mwaka 1970 watoto walilisikia tena koo lile katika katuni ya Harlem Globetrotters, wengi wao bila kujua limetoka wapi.

Benny alifariki Desemba 1974. Anderson alimfuata tarehe 28 Februari 1977, akiwa na miaka 71. Jumba lake la Los Angeles baadaye liligeuzwa makao ya watu wanaojinasua kwenye ulevi na dawa za kulevya, likaitwa Rochester House.