Bei ya Khiyari: Jinsi Mwenye Nyumba Alivyogeuka Mpangaji

 

Mwezi uliopita, baada ya swala ya Isha, ndugu mmoja katika jamaa zetu wa msikitini alinikalisha barazani akanitolea karatasi za benki. Ameajiriwa, ana watoto wanne, anataka kununua nyumba, na benki iko tayari kumpa shilingi milioni 60 azilipe kwa miaka 15. Alitaka nimwambie jambo moja tu: ni riba au si riba? Nilimwomba aniachie karatasi zile hadi kesho yake. Hukumu yenyewe haikuwa ngumu. Kilichonikesheza ni kwamba hesabu ya namna ile nilikwisha kuiona, katika hati iliyoandikwa kwa Kiarabu na mkono wa karani wa kadhi, zaidi ya miaka mia moja iliyopita, na nyumba iliyotajwa ndani yake ilikuwa ya wazee wetu.

Hati ile ni ya bei ya khiyari. Vijana wengi wa leo hawajapata kulisikia jina hili, hata wanafunzi wa madrasa wanaosoma Kitabul Buyuu kutoka mwanzo hadi mwisho. Lakini Zanzibar na Pemba, Mrima, na Oman yote, katika karne ya 19 na mwanzo wa karne ya 20, hii ndiyo ilikuwa njia kubwa ya mtu mwenye nyumba au shamba kupata fedha taslimu.

Sura yake ni hii. Mtu ana nyumba na anahitaji riali 1,000. Anakwenda kwa tajiri na kumuuzia nyumba ile kwa riali 1,000, kwa sharti kwamba akirejesha riali 1,000 katika muda waliokubaliana, mwaka mmoja, miwili au mitatu, basi ana khiyari ya kuirejesha nyumba yake. Hapo hapo, pengine katika karatasi ile ile, mnunuzi anamkodisha muuzaji nyumba hiyo hiyo kwa kodi ya kila mwezi. Muuzaji hahami. Hatoi hata mkeka nje. Analala chumba kile kile alicholala jana, ila jana alikuwa mwenye nyumba na leo ni mpangaji.

Sasa tupige hesabu, maana katika fiqhi ya muamalat asiyejua hesabu hudanganywa kwa maneno. Tuchukue mfano kwamba kodi ni riali 10 kwa mwezi. Kwa mwaka ni riali 120. Muda unapofika muuzaji hana riali 1,000 za kukombolea, kwa hiyo wanaongeza muda, na kodi inaendelea. Ikipita miaka 12 amekwisha kulipa riali 1,440, na kombozi bado ni riali 1,000 zile zile, haikupungua hata nusu riali. Akifanikiwa kukomboa, amelipa riali 2,440 kwa riali 1,000 alizopokea. Asipofanikiwa, bei ya khiyari inageuka bei ya kata, yaani mauzo yaliyokatika, na nyumba inaondoka kwa riali 1,000, ambazo kwa kawaida ni chini ya thamani yake sokoni, kwa sababu hakuna anayekopesha sawa na thamani kamili ya kitu alichokishikilia.

Angalia kwamba katika hati nzima neno riba halipo. Kuna bei, kuna khiyari, kuna ijara, na kila moja ni mlango wa halali katika vitabu vyetu. Mafuqaha wanayo kanuni kwamba kinachozingatiwa katika mikataba ni makusudio na maana, si matamshi na umbo la maneno. Kuna swali moja linalofichua maana ya mkataba wa namna hii: je, nyumba ikianguka, hasara ni ya nani? Mtume (S.A.W.) amefundisha, kama walivyopokea Abu Daud na Tirmidhi, kwamba pato la kitu humstahiki yule anayebeba dhamana yake. Akiwa mnunuzi ni mmiliki wa kweli, ukuta ukiporomoka basi ni mali yake imeporomoka, na fedha zake zimekwenda nayo. Ikiwa anachukua kodi kila mwezi na huku anategemea kupata riali 1,000 zake hata nyumba ikiwa kifusi, basi huyo ni mkopeshaji aliyevaa kanzu ya mnunuzi.

Khiyari yenyewe ilikujaje? Asili yake ni rehma kwa mnyonge. Habban bin Munqidh (R.A.), Sahaba wa Kiansari aliyepata jeraha la kichwa na kupunjwa sana sokoni, alielekezwa na Mtume (S.A.W.) awaambie anaofanya nao biashara kwamba hakuna hadaa, na katika baadhi ya riwaya akapewa khiyari ya siku tatu. Kwa msingi huo Imam Shafii na Imam Abu Hanifa (R.A.) hawakuruhusu khiyari ya sharti kupindukia siku tatu. Maswahibu wawili wa Abu Hanifa, na pia Hanbali, waliruhusu muda wowote maadamu umejulikana, na Ibadhi nao wakawa na wasaa katika muda. Hapa penye wasaa ndipo wafanyabiashara walipopita. Hukumu iliyowekwa ili mnunuzi asihadaiwe kwa siku tatu ikawa chombo cha kumweka mkopaji katika kodi kwa miaka kumi na miwili.

Tusidhani kwamba watu wetu ndio wa kwanza. Katika karne ya 5 Hijria, huko Bukhara na Balkh, watu walizidiwa na madeni wakabuni bay' al-wafaa, ambayo kwa maana ni hii hii. Maulamaa wa Hanafi walikhitalifiana sana: wengine wakasema ni rehani tu kwa jina jingine, na mshika rehani hana haki ya kunufaika nayo, wengine, akiwemo Najmuddin an-Nasafi (aliyefariki 537 Hijria) kwa ilivyonukuliwa kutoka kwake, wakaipitisha kwa ajili ya haja ya watu. Majalla ya dola ya Othmani, iliyokamilika 1876, ikaipa kifungu chake cha 118. Hadhramaut iliitwa bay' al-'uhda, na Mashafii wa huko wakaitafutia njia kwa kuiweka ahadi ya kurejesha nje ya mkataba wenyewe. Nalitaja hili kwa sababu masheikh wetu wa zamani wamelaumiwa sana kwa kutia muhuri hati zile. Hawakuwa watu wa kuhalalisha haramu kwa matamanio. Walikuta jambo limeenea, lina kauli za wakubwa nyuma yake, na mkopaji amesimama mlangoni akilia shida.

Shida zenyewe zilikuwa za kweli. Baada ya Seyyid Said kuhamishia makao yake Unguja, mikarafuu ilienea kama moto wa makuti, na kila mwenye ardhi alitaka fedha za kupanda. Mkarafuu hukaa miaka sita au zaidi kabla ya kutoa mavuno ya maana, na wakati wote huo unataka kupaliliwa. Wengine waliweka mali zao ili waende bara kutafuta pembe. Misafara ya bara iliendeshwa kwa mkopo, hata ya Hamed bin Muhammad al-Murjabi, maarufu Tippu Tip, ambaye mfadhili wake mkubwa alikuwa Tharia Topan. Mwaka 1872 kimbunga kikaipiga Unguja na kung'oa sehemu kubwa ya mikarafuu yake, Pemba ikinusurika kwa kiasi kikubwa. Mwenye shamba aliyekuwa na deni sasa ana deni na magogo. Mwaka uliofuata biashara ya watumwa kwa njia ya bahari ikapigwa marufuku, na 1897 utumwa wenyewe ukaondolewa nguvu ya kisheria, na hapo mavuno ya karafuu yakahitaji kulipiwa mishahara. Sisemi hili kwa kuusikitikia utumwa, Allah atulinde. Nasema tu kwamba mali nyingi za wakati ule zilisimama juu ya migongo ya watu na juu ya deni, na mgongo ulipoondoka likabaki deni.

Katika kulisimulia jambo hili mazungumzo ya barazani hupenda kumtupia lawama Mhindi peke yake. Uadilifu tumeamrishwa hata kwa tusiowapenda. Ni kweli wakopeshaji wengi walikuwa Mabaniani, lakini walikuwepo pia Makhoja na Mabohora wanaoswali kuelekea kibla, na Waarabu waliowakopesha Waarabu wenzao kwa hati hizi hizi. Na mkopeshaji naye mara nyingi alikuwa amekopa Bombay au kwa kampuni za Wazungu, akidaiwa kama anavyodai. Mnyororo ulikuwa mrefu, na aliyeshika mwisho wake ni mwenye nyumba.

Walipoingia Waingereza kwa himaya ya mwaka 1890, majaji wao waliitazama bei ya khiyari wakasema: hii ni rehani. Mtu atacheka. Jambo ambalo mafuqaha walilibishania kwa karne nane, jaji asiyejua bismillah alilitambua kwa kusoma hati mara moja. Ila kwake rehani yenye riba haina aibu, kwa hiyo utambuzi wake haukumwokoa mkopaji.

Bei ya karafuu iliposhuka katika mdororo wa dunia wa miaka ya 1930, ukweli ulijitokeza wote. Serikali iliwatuma maofisa wawili, Bartlett na Last, kuchunguza madeni ya wakulima mwaka 1933. Mwaka 1934 zikatungwa sheria za kuzuia ardhi ya Waarabu na Waafrika isihamishwe kwa wengine bila ya idhini, na ukusanyaji wa madeni ukasimamishwa kwa muda. Wafanyabiashara wa Kihindi wakalalamika hadi serikali ya India ikamtuma K.P.S. Menon kuja kutazama, na ugomvi huo, pamoja na ule wa Chama cha Wakulima wa Karafuu, ukaishia katika mgomo wa kususia karafuu za Zanzibar uliomalizwa kwa suluhu ya mwaka 1938. Fikiria: serikali mbili zikavutana, kwa karatasi zilizoanza mbele ya kadhi kwa "nimeuza kwa khiyari".

Nyumba ya wazee wetu haikusubiri sheria hizo. Bibi yangu alikuwa akitupitisha mbele yake tukiwa watoto, anatuonyesha dirisha la chumba alichozaliwa, na kila mara anasema kwamba baba yake alilipa nyumba ile mara mbili na hakuipata. Utotoni nilidhani ni maneno ya uzee. Niliposoma hati, na kuhesabu miezi, nikaona bibi alikuwa na hesabu nzuri kuliko mimi.

Nirudi kwenye karatasi za ndugu yetu. Mkopo ni shilingi milioni 60, riba asilimia 16 kwa mwaka, miezi 180. Kila mwezi atalipa takriban shilingi 881,220. Zidisha kwa 180, ni karibu milioni 158.6. Amekopa 60, ziada ni zaidi ya milioni 98. Hilo peke yake watu wengi wanalijua kwa ujumla. Wasilolijua ni namna malipo yanavyogawanywa. Katika malipo ya mwezi wa kwanza, shilingi 800,000 zinakwenda kwenye riba, na deni linapungua kwa shilingi 81,220 tu. Akilipa bila kukosa hata mwezi mmoja kwa miaka mitano, atakuwa ametoa takriban milioni 52.9, na deni lililobaki ni takriban milioni 52.6. Yaani ametoa karibu fedha zote alizokopa, na bado anadaiwa karibu fedha zote alizokopa. Akifukuzwa kazi mwaka huo wa tano na nyumba ikapigwa mnada kwa bei ya mnada, atatoka na nini? Na hapo sijahesabu bima, ada ya mthamini wala ya wakili, ambazo ziko katika ukurasa wa maandishi madogo.

Hukumu ya mkopo huu haina khitilafu kwetu: ni mkopo wenye ziada iliyoshurutishwa. Ama bei ya khiyari na ndugu zake, Majmaa ya Fiqhi ya Kiislamu ya kimataifa katika kikao chake cha 7, Jeddah, mwaka 1412 Hijria (1992), iliamua kwamba bay' al-wafaa kwa hakika yake ni mkopo wenye kuvuta manufaa, basi ni hila juu ya riba, na haijuzu kwa rai ya jamhuri ya maulamaa. Nawaomba maimamu wenzangu waisome kauli hiyo kwa makini kabla ya kupitisha kila karatasi yenye jina la Kiarabu.

Maana zipo leo benki na madirisha ya Kiislamu, na ndugu yetu aliniuliza kuhusu hizo pia. Murabaha iliyo sahihi, benki inainunua nyumba kwanza, inaimiliki, inabeba dhamana yake, kisha inamuuzia kwa bei iliyokatika isiyoongezeka akichelewa. Hii ni halali, lakini halali si lazima iwe rahisi. Bei ya milioni 130 kwa nyumba ya milioni 60 ni bei halali inayoweza kumuua mtu. Musharaka yenye kupungua iko karibu zaidi na haki kwa maoni yangu: kila malipo yana kodi ya sehemu ya benki, na yana ununuzi wa kipande cha sehemu hiyo, kwa hiyo kodi inapungua kadiri umiliki unavyohama. Katika hati ya babu yetu, kodi ya miaka 12 haikununua hata jiwe moja. Mtu akikutana na mkataba wa namna hiyo leo, aulize mambo mawili kabla ya jina: nyumba ikianguka hasara ya nani, na nikiacha kulipa mwaka wa tano nitakuwa nimemiliki kiasi gani.

Kesho yake nilimrudishia karatasi, na hesabu nimeiandika pembeni kwa kalamu ya risasi. Aliisoma pale kwenye milioni 52.6 mara tatu, akatoa simu akaihakikisha mwenyewe. Hakusaini. Kiwanja anacho tangu zamani, nje ya mji, na sasa ananunua tofali kila mwisho wa mwezi, wakati mwingine mia moja, wakati mwingine ishirini. Msingi umekwisha, kuta ziko kwenye usawa wa madirisha, na bado anapanga.

Wallahu a'lam.