Ua la Uluguru lisilotaka kuhama

Wadau wa Moro, mji kasoro bahari, hebu tokeni nje mwangalie juu kule kwenye mawingu. Kwenye misitu ya Uluguru kuna ua dogo ambalo asili yake ni milima hiyohiyo. Kitaalamu ni Saintpaulia goetzeana. Ukiligoogle siku hizi andika pia Streptocarpus goetzeanus, maana mwaka 2015 wataalamu waliangalia vinasaba wakaiingiza jamii nzima ya Saintpaulia kwenye Streptocarpus.

Jina limetokana na Walter Goetze, Mjerumani aliyekusanya mimea Uluguru mwaka 1898. Adolf Engler wa Berlin akalitangaza 1900.

Msilichanganye na ndugu yake wa Usambara, yule African violet anayeuzwa kwenye vikopo dunia nzima. Huyo alipelekwa Ujerumani na Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa kikoloni Tanga, akapewa jina mwaka 1893. Kutokana na yeye na ndugu wachache yametengenezwa maelfu ya aina za kuuza. Mkataba wa kimataifa wa bioanuwai, unaotaka nchi yenye mmea igawiwe faida, ulikuja 1992. Karne nzima baadaye, na haurudi nyuma. Jamani!

La kwetu halikupata umaarufu huo. Ni la milimani, limezoea ubaridi na unyevunyevu, kwa hiyo kulifuga ndani ya nyumba ni kazi. Linatambaa kwenye mawe yenye majimaji, majani madogo yenye vinyweleo, maua ya zambarau hafifu. Uhai wake ni kivuli. Kata miti ya juu, jua likapiga jiwe, jiwe likakauka, basi, ua limekwisha hata kama panga halikuligusa. Pale Bunduki mashamba yalishaukata msitu ukawa vipande viwili, wa kaskazini na wa kusini.

Mwaka 2008 serikali ilitangaza Hifadhi ya Mazingira Asilia Uluguru. Na nyie wa Dar msijifanye hayawahusu: misitu hiyohiyo inalisha mto Ruvu, na maji ya Ruvu ndiyo mnayokunywa.

Mtu akitaka kulitafuta, achukue kwanza kibali cha kuingia hifadhini. Apige picha, asichimbe. Kwenye kopo la sebuleni Msamvu joto litaliua tu.