Nakala rudufu ya data za michezo ya kompyuta

Nakala rudufu ya data za mchezo wa kompyuta ni nakala ya ziada ya mafaili yanayotunza maendeleo ya mchezaji, ambayo huwekwa mahali pengine ili yaweze kurejeshwa iwapo mafaili ya awali yatapotea au kuharibika. Data hizo ni kama vile hatua aliyofikia mchezaji, vitu alivyokusanya, dunia aliyoijenga na mipangilio aliyoichagua.

Mchezo wenyewe ukifutika huweza kupakuliwa au kusakinishwa upya. Data za maendeleo haziko hivyo, kwa kuwa zilitengenezwa na mtu mmoja kwenye kompyuta moja na hakuna duka linaloziuza. Ndiyo maana faili la megabaiti chache tu huweza kuwa na thamani kwa mchezaji kuliko mchezo wenye makumi ya gigabaiti: ndani yake mna saa nyingi za kazi, na pengine kazi ya ndugu kadhaa waliocheza kwa zamu.

Historia

Mashine za kwanza za michezo zilizoendeshwa kwa sarafu hazikuhifadhi maendeleo. Mchezaji aliposhindwa alianza upya. Kwenye kompyuta za nyumbani mambo yalibadilika mapema. Mchezo wa maandishi uitwao Zork, uliouzwa kuanzia mwaka 1980, ulikuwa na amri mbili, SAVE na RESTORE. Ya kwanza iliandika hali ya mchezo kwenye disketi na ya pili iliirudisha.

Mashine za michezo za kuunganishwa na televisheni zilichelewa. Nyingi zilimpa mchezaji neno la siri refu la kunakili kwenye karatasi, na herufi moja ikikosewa kazi yote ilipotea. The Legend of Zelda ulitoka Japani mwaka 1986 ukiwa kwenye disketi. Ulipofika Marekani mwaka 1987 ulikuwa kwenye katriji yenye betri ndogo iliyoitunza kumbukumbu hata mashine ilipozimwa. Betri hizo zilidumu miaka mingi, lakini si milele. Betri ilipokufa, data nazo zilitoweka.

Katika Doom wa mwaka 1993 mchezaji alikuwa na nafasi sita za kuhifadhi, na kila nafasi ilikuwa faili moja, kuanzia DOOMSAV0.DSG hadi DOOMSAV5.DSG, ndani ya folda ileile ya mchezo. Kutengeneza nakala kulikuwa kazi ya dakika moja: mafaili yalinakiliwa kwenye disketi na kuwekwa kabatini. Urahisi huo haukudumu.

Mahali data zinapokaa

Ugumu mkubwa wa kazi hii leo si kunakili bali kujua cha kunakili. Kwenye Windows hakuna mahali pamoja panapotumiwa na michezo yote. Windows Vista, iliyotolewa kwa umma mwaka 2007, ilileta folda maalumu iitwayo Saved Games, lakini watengenezaji wengi waliendelea na desturi zao. Matokeo yake, data huweza kuwa katika Saved Games, katika Documents, ndani ya folda ya mchezo wenyewe, au katika AppData.

Hii ya mwisho ndiyo inayowapoteza wengi, kwa sababu Windows huificha. Mtumiaji anayefungua folda yake ya kawaida haioni mpaka aruhusu vitu vilivyofichwa vionekane, au aandike %APPDATA% kwenye sehemu ya anwani ya dirisha la mafaili. Ndani ya AppData mna folda tatu, Local, LocalLow na Roaming (%APPDATA% hufungua hii ya mwisho), na kila mchezo huchagua yake.

Mifano michache inaonyesha tofauti hizo. Minecraft ya toleo la Java huweka kila dunia katika folda yake ndani ya .minecraft\saves, chini ya Roaming. Stardew Valley nao uko chini ya Roaming, katika StardewValley\Saves. Skyrim wa mwaka 2011 huweka mafaili yake yenye mwisho wa .ess katika Documents\My Games\Skyrim\Saves. Michezo ya Football Manager hutumia Documents\Sports Interactive, na msimu mzima wa kocha ni faili moja lenye mwisho wa .fm.

Kwenye kompyuta ambazo folda ya Documents imeunganishwa na huduma ya OneDrive, anwani hubadilika na mafaili hukaa ndani ya folda ya OneDrive. Maelekezo yaliyoandikwa zamani huonekana ya uongo, kumbe folda imehama tu.

Michezo mingine huandika sehemu ya data zake katika rejista ya Windows, ambayo si folda ya kawaida. Michezo iliyotengenezwa kwa injini ya Unity hufanya hivyo mara kwa mara, hasa kwa mipangilio. Nakala ya folda peke yake haitaichukua sehemu hiyo. Lazima rejista ihamishwe kwa programu ya Regedit na kuwa faili lenye mwisho wa.reg.

Kwenye Linux, michezo ya Windows inayoendeshwa kupitia Steam hutengenezewa Windows ya kuigiza ndani ya folda ya steamapps/compatdata, na kila mchezo una namba yake. Folda za AppData na Documents ziko humo ndani. Anayeifuta folda hiyo ili kupata nafasi kwenye diski anaweza kufuta na maendeleo yake bila kujua.

Jinsi data zinavyoharibika

Mchezo unapoendelea, hali yake iko katika kumbukumbu ya muda, ambayo husafishika umeme ukikatika. Kuhifadhi ni kuihamishia hali hiyo kwenye diski. Umeme ukikatika katikati ya kuandika, faili la zamani limekwisha kufunikwa na jipya halijakamilika, na mchezaji hubaki na faili lisilofunguka. Kwenye maeneo ambako umeme hukatika bila taarifa, hatari hii ni ya kila siku kwa kompyuta za mezani zisizo na betri.

Watengenezaji makini huizuia kwa njia rahisi: data mpya huandikwa kwanza kwenye faili la muda, na likishakamilika ndipo huchukua jina la faili halisi. Wengine hubakiza toleo la kabla yake. Stardew Valley huacha mafaili yenye kiambishi _old, na Minecraft huacha faili la level.dat_old karibu na level.dat. Mtu ambaye dunia yake imekataa kufunguka baada ya umeme kukatika huenda akaiokoa kwa kulipa faili hilo la zamani jina la lile lililoharibika, ingawa level.dat ni taarifa za msingi tu na majengo yako katika mafaili mengine ya folda ileile.

Kasoro huweza kuwa katika mchezo wenyewe. Cyberpunk 2077 ulipotoka Desemba 2020, faili la maendeleo lililozidi megabaiti 8 kwenye kompyuta liliharibika na halikufunguka tena, hadi kikomo hicho kilipoondolewa katika masahihisho ya mwezi uleule. Waliokuwa na nakala za nyuma walirudi nyuma saa chache. Mwaka 1998 kampuni ya Bungie iligundua kwamba programu ya kuuondoa mchezo wake Myth II ilifuta folda nzima ambamo mchezo ulisakinishwa. Aliyeuweka moja kwa moja kwenye diski bila folda angepoteza kila kitu. Kampuni iliziita diski zirudishwe.

Sababu nyingine ni za kawaida: diski kufa, kompyuta kuibiwa, virusi, na fundi kusakinisha Windows upya bila kuuliza. Hii ya mwisho inastahili kutajwa kwa sababu mafundi wengi huhamisha picha na nyaraka za mteja lakini hawafikirii AppData. Ni vema mwenye kompyuta aseme mapema.

Kutengeneza nakala

Kabla ya kunakili, mchezo unapaswa kufungwa kabisa. Faili likinakiliwa wakati mchezo unaliandika, nakala huweza kuwa nusu ya zamani na nusu mpya. Kisha folda nzima ya data hunakiliwa, si faili moja tu, kwa kuwa michezo mingi hugawa data katika mafaili yanayotegemeana. Katika Stardew Valley, kwa mfano, kila shamba ni folda yenye faili kuu na jingine liitwalo SaveGameInfo, na yote mawili yanahitajika.

Nakala hupewa jina lenye tarehe, kwa mfano Shamba-2024-03-15. Kuandika nakala mpya juu ya ya zamani kila mara ni kosa, kwa sababu uharibifu huweza kugunduliwa baada ya wiki kadhaa, na wakati huo nakala pekee iliyopo ni nakala ya kitu kilichoharibika.

Wataalamu wa kuhifadhi data hufuata kanuni iitwayo 3-2-1, iliyoenezwa na mpiga picha Peter Krogh: nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili, moja ikiwa nje ya nyumba. Kwa mchezo, wengi hutosheka na nakala kwenye flashi na nyingine mtandaoni. Folda iliyo kwenye diski ileile ya kompyuta ileile humlinda mchezaji dhidi ya makosa yake mwenyewe, si dhidi ya mwizi wala diski iliyokufa.

Zipo programu zinazofanya kazi hii zenyewe. Ludusavi ni programu huria inayotambua mahali data za maelfu ya michezo zinapokaa, ikitegemea orodha iliyokusanywa na watu wa kujitolea wa PCGamingWiki. Hufanya kazi kwenye Windows, Linux na Mac.

Kurejesha

Kurejesha ndiko kunakoonyesha kama nakala ilikuwa nzuri. Kwenye kompyuta mpya, mchezo husakinishwa kwanza, hufunguliwa mara moja ili utengeneze folda zake, kisha hufungwa. Baada ya hapo folda ya data huwekwa mahali pake. Iwapo kuna data nyingine pale, hizo nazo huwekwa kando kwanza. Watu wamewahi kufunika maendeleo mapya kwa nakala ya mwaka uliopita.

Mchezo usipoiona nakala, kosa la kawaida ni folda ndani ya folda: mtu amebandika Saves ndani ya Saves. Kosa jingine ni toleo. Mchezo mpya kwa kawaida husoma data za toleo la zamani, lakini wa zamani mara nyingi hausomi za jipya. Tatu ni akaunti. Elden Ring huweka data katika folda yenye namba ya akaunti ya Steam, na namba hiyo imo pia ndani ya faili, hivyo nakala ya rafiki haifunguki kwa kuhamishwa tu.

Kama hakuna nakala na faili limefutwa, la kwanza ni kutazama pipa la takataka la kompyuta. Likikosekana humo, kompyuta isitumiwe zaidi mpaka programu ya kuokoa mafaili ijaribiwe, maana kila kinachoandikwa kwenye diski huweza kufunika mabaki. Kwenye diski za SSD matumaini ni madogo, kwa sababu husafisha sehemu zilizofutwa.

Hifadhi ya wingu

Steam ilianza kuhifadhi data za michezo kwenye seva zake mwaka 2008 kwa huduma ya Steam Cloud, na maduka mengine yakafuata. Huduma hii ni nzuri kwa anayebadili kompyuta, ila si michezo yote inayoitumia.

Isitoshe, kulandanisha si sawa na kutunza nakala. Wingu hufuata kilichopo kwenye kompyuta: faili likiharibika nyumbani na kupakiwa, lililoharibika huchukua nafasi ya lile zima. Hali ngumu hutokea mtu akicheza bila intaneti kwenye kompyuta moja kisha akafungua mchezo kwenye nyingine. Steam humwuliza achague data za kompyuta au za wingu, ikionyesha tarehe za zote mbili, na asizozichagua hufunikwa. Anayeona swali hilo anashauriwa asibofye kitu kabla ya kunakili folda iliyo kwenye kompyuta yake.

Mafaili ya mchezo wenyewe

Ingawa mchezo unaweza kupakuliwa tena, kwa wanaonunua intaneti kwa bando kupakua gigabaiti 80 mara ya pili ni gharama halisi. Michezo ya Steam iko katika steamapps\common. Folda ya mchezo ikinakiliwa kwenye diski ya nje na kurudishwa palepale, Steam ikiambiwa isakinishe mchezo huo huyakagua mafaili yaliyopo na kupakua yaliyopungua tu.

Matumizi yanayobishaniwa

Baadhi ya wachezaji hutumia nakala kukwepa matokeo mabaya: wakishindwa hurejesha faili la jana. NetHack, ulioanza mwaka 1987, hufuta faili lake la maendeleo mara tu mchezo unapoendelezwa, ili mhusika aliyekufa asifufuliwe. Mwenye kunakili faili hilo kando huivunja kanuni hiyo, na wachezaji wa jadi huhesabu jambo hilo kuwa udanganyifu. Katika mchezo wa mtu mmoja halimdhuru mwingine, na watengenezaji wengi huliachia uamuzi wa mchezaji.