Asali ya Manuka: Kichaka Kilichodharauliwa

Tangu zamani za kale watu wametia asali katika vidonda. Wamisri waliandika habari hiyo katika karatasi zao za mafunjo yapata miaka 3,500 iliyopita. Lakini siku hizi asali moja imepata sifa kupita nyingine zote, nayo huuzwa kwa bei kubwa mno: ni asali ya manuka. Wako wasemao kwamba inaponya kila ugonjwa. Basi yafaa tujue historia yake, tusije tukadanganywa.

Manuka ni kichaka cha Nyuzilandi, nchi ya visiwa katika bahari ya Pasifiki. Huota pia upande wa kusini-mashariki wa Australia. Wamaori, wenyeji wa Nyuzilandi, ndio waliokiita kwa jina hilo. Walichemsha majani yake kuwa dawa ya homa, na kwa mti wake mgumu walichonga makasia na mikuki. Mwaka 1773 mabaharia wa Kapteni Cook walipika pombe kwa majani yake, wakitumaini kujikinga na kiseyeye.

Lakini asali ya manuka haikuwako bado. Nyuki wa asili wa nchi ile hawaweki akiba ya asali. Mwaka 1839 Mary Bumby, dada wa mmisionari mmoja Mprotestanti, alileta mizinga miwili kutoka Uingereza mpaka Hokianga. Ni katika Hokianga hiyo hiyo Askofu Pompallier alikuwa amefika mwaka uliotangulia, kuanza misioni ya Wakatoliki. Mwaka 1860 Askofu huyo alileta msichana Mfaransa, Suzanne Aubert, ambaye baadaye alianzisha shirika la masista. Yeye hakudharau elimu ya Wamaori. Alijifunza kwao dawa za miti, akazitengeneza, akawatunza wagonjwa na yatima. Mwaka 2016 Kanisa lilimtangaza kuwa Mheshimiwa, hatua moja katika njia ya kutangazwa Mtakatifu.

Wakulima wengi, lakini, walikichukia kichaka cha manuka. Walikikata na kukichoma, wapate malisho ya kondoo. Asali yake nayo haikupendwa: ni nzito kama ute, haitoki vizuri katika masega, na utamu wake una ukali. Iliuzwa kwa bei ndogo.

Mwaka 1981, katika Chuo Kikuu cha Waikato, mtaalamu Peter Molan alianza kuipima. Ilikwisha kujulikana kwamba asali yoyote yaweza kuua mikrobi. Sukari yake huwanyang'anya maji, ina uchachu, tena hutoa peroksidi ya hidrojeni, ambayo wauguzi huisafishia vidonda. Molan aliiondoa peroksidi ile katika asali mbalimbali. Nyingi zikapoteza nguvu, bali asali ya manuka iliendelea kuua mikrobi. Kumbe ilikuwa na nguvu nyingine! Mwaka 2008 wataalamu wa Dresden, Ujerumani, na wenzao wa Waikato walitangaza kwamba nguvu hiyo hasa ni kitu kiitwacho methiliglioksali. Mwaka 2009 ikajulikana kwamba chanzo chake kimo katika maji matamu ya ua la manuka, nacho hugeuka polepole asali ikiwekwa.

Asali hiyo iliingia pia hospitalini. Mwaka 2007 serikali ya Marekani iliruhusu bandeji zilizotiwa asali ya manuka. Mwaka 2015 wataalamu waliokusanya majaribio mengi ya asali waliona kwamba inasaidia ngozi iliyoungua kidogo, na vidonda vya upasuaji vilivyoingiwa na mikrobi. Lakini mwaka 2008, huko Nyuzilandi, wagonjwa 368 wa vidonda vya miguu walipojaribiwa, bandeji za manuka hazikushinda bandeji za kawaida. Tena hakuna hakika kwamba kuila asali hiyo kunaponya kansa au magonjwa mengine makubwa.

Sifa ikileta fedha, wadanganyifu nao hufika. Asali nyingi ziliuzwa kwa jina la manuka, nazo si manuka. Ndiyo sababu mwaka 2018 serikali ya Nyuzilandi ilianza kuamuru kila asali ya manuka ya kuuzwa nje ipimwe kwa vipimo vitano.

Nasi tushike nini? Asali ya kutibu vidonda hospitalini husafishwa kwa mionzi. Ile ya chupa ya sokoni sivyo. Basi mtoto akiungua, mimina maji safi ya baridi juu ya jeraha, kisha umpeleke kwa muuguzi. Usimweke nyumbani ukingojea asali imponye. Mtoto asiyetimiza mwaka mmoja asilambishwe asali hata kidogo, maana yaweza kuwa na mbegu za mikrobi mbaya ya kumlegeza mwili mpaka kufa. Mwenye ugonjwa wa sukari akumbuke kwamba asali ni sukari.

Kitabu cha Yoshua bin Sira, katika sura ya 38, chatufundisha kwamba dawa hutoka kwa Mungu, na mganga pia. Kichaka kile kilichochomwa moto kilikuwa na zawadi yake Muumba, nayo ilijulikana kwa watu waliopima kwa uvumilivu. Basi tusidharau miti yetu, wala tusiamini kila sifa ya mwenye kuuza.