Chupa, Moto na Ukali wa Tunda: Habari ya Siagi ya Matunda

Leo tuzungumze juu ya siagi ya matunda. Usidanganywe na jina hilo, kwa maana haina maziwa wala mafuta ndani yake. Ni matunda yaliyopondwa na kupikwa kwa moto mdogo, saa baada ya saa, mpaka yakawa mazito ya kupakwa kwenye mkate au chapati. Wakulima wa Ujerumani na nchi jirani walipika matufaha kwa namna hii tangu zamani. Wajerumani waliohamia Pennsylvania, Marekani, katika karne ya 18 walienda na desturi hiyo. Sufuria kubwa iliwekwa nje, na majirani wakapokezana mwiko kutwa nzima.

Kupika walijua. Kazi ilikuwa kuhifadhi.

Aliyefungua njia hakuwa daktari. Nicolas Appert alikuwa mtengenezaji wa peremende huko Paris. Katika miaka ya 1790 alianza kujaza vyakula katika chupa za kioo, akaziziba sana kwa vizibo na waya, kisha akazichemsha ndani ya maji. Mwaka 1810 serikali ya Ufaransa ilimpa faranga 12,000, kwa sharti kwamba aandike kitabu ili kila mtu aijue njia yake. Mwaka huohuo, Peter Durand alipata haki rasmi huko Uingereza ya kuhifadhi chakula katika mikebe ya bati. Mkebe unaouona dukani ulianzia hapo. Na mwaka 1858, John Mason wa Marekani akatoa chupa yenye kifuniko cha kuzungusha, nayo kazi ikaingia jikoni mwa akina mama.

Jambo la ajabu ni kwamba Appert alifariki mwaka 1841 bila kujua kwa nini njia yake inafaulu. Yeye alidhani adui ni hewa. Louis Pasteur ndiye aliyeonyesha, katika miaka ya 1860, kwamba wanaoharibu chakula ni vijidudu visivyoonekana kwa macho, na kwamba joto huviua.

Lakini si vyote, mama. Sikiliza hapa vizuri. Mwezi wa Desemba 1895, katika kijiji cha Ellezelles nchini Ubelgiji, wanamuziki waliopiga ala kwenye mazishi walikula nyama ya nguruwe iliyohifadhiwa kwa chumvi. Watatu wakafa. Profesa Emile van Ermengem alichunguza nyama ile, akakuta kijidudu kinachotoa sumu ya botulismi. Kijidudu hiki hustawi mahali pasipo hewa, kama ndani ya chupa iliyozibwa vizuri, na mbegu zake hazifi katika maji yanayochemka. Usidhani ni mambo ya Ulaya tu. Mwaka 1980 jarida la madaktari la Uingereza lilitoa ripoti ya watu wa Kenya waliougua botulismi baada ya kula kumbikumbi.

Je, siagi ya matufaha imewezaje kuwa salama miaka yote hiyo? Ni ule ukali wake. Mbegu za kijidudu hiki haziwezi kuchipuka penye ukali wa kutosha, na matufaha, mananasi na matunda ya pasheni yanao. Ndizi na papai hazina. Embe lililoiva sana nalo si la kuaminiwa. Kwa hiyo siagi ya ndizi, papai au embe usiiweke kabatini hata ukiifunga vipi. Iweke kwenye friji uimalize kwa siku chache, na kama huna friji, pika ya siku hiyo tu.

Kuna jambo jingine ambalo Appert hakulihitaji pale Paris. Mombasa maji huchemka yakifika nyuzi 100. Nairobi, kwa sababu tuko juu, huchemka yakifika kama 94 tu. Moto unaona ni uleule, lakini joto limepungua, nawe lipa kwa dakika. Siagi ya matufaha ikiwa katika chupa ya nusu lita, imejazwa ingali moto, ichemshe ndani ya maji yanayofunika kifuniko: dakika 5 pwani, 10 Nairobi, 15 Eldoret.

Mtoto wa chini ya miezi 6 hahitaji siagi hii. Anahitaji maziwa ya mama pekee. Na aliye chini ya mwaka mmoja usimtilie asali, hata iliyopikwa, kwani yaweza kubeba mbegu za botulismi. Chupa iliyovimba, inayovuja au inayofoka ukiifungua, usionje hata kwa ncha ya kidole. Tupa. Mtoto mchanga akifunga choo, akilia kwa sauti hafifu, akashindwa kunyonya na shingo ikalegea, au mtu mzima akiona vitu viwili viwili na kushindwa kumeza, mpeleke hospitali saa hiyohiyo, usiku au mchana, na umweleze daktari alichokula.