Ali Mazrui Mbele ya Kamera: Dini Tatu na Kitendawili cha Akeri

Wanafunzi wengi wa fasihi humjua Ali Mazrui kwa riwaya yake, The Trial of Christopher Okigbo (1971), wakaishia hapo. Wenzetu wa siasa humkumbuka kwa malumbano yake na Walter Rodney pale Makerere mwaka 1970. Makala haya yanamtazama kama msimulizi wa filamu. Mwaka 1986 aliiweka Afrika nzima mbele ya kamera, sehemu tisa za saa moja moja. Si mchezo.

Filamu hiyo, The Africans: A Triple Heritage, ilitengenezwa na BBC pamoja na WETA ya Washington. Hoja yake ni kwamba Mwafrika ana urithi wa aina tatu: mila zake, Uislamu, na Umagharibi ulioandamana na Ukristo. Hoja haikuwa mpya. Nkrumah aliishaigusa katika Consciencism (1964), na Blyden alikwishaandika juu ya Ukristo, Uislamu na mtu mweusi mwaka 1887. Upya uko kwenye fani. Mazrui anasimulia kwa nafsi ya kwanza, tena bila kuomba radhi. Alizaliwa Mombasa mwaka 1933, mtoto wa Sheikh Al-Amin bin Ali, Kadhi Mkuu wa Kenya, halafu akasomea Manchester, Columbia na Oxford. Kwa hiyo katika sehemu ya tatu, New Gods, anapozungumzia dini, hasimulii habari za jirani.

Ugomvi ukapamba moto. Lynne Cheney, mkuu wa mfuko wa serikali ya Marekani uliochangia dola 600,000, alidai jina la mfuko wake liondolewe kwa kuwa filamu inawashambulia Wamagharibi. Mimi naona huyo alimsaidia tu kupata watazamaji. Pigo zito lilitoka nyumbani: mwaka 1991, katika jarida la Transition, Wole Soyinka alimshutumu kwamba anazidharau dini za asili na kuupendelea Uislamu.

Sisi tunaotoka Nkoaranga tuna hoja yetu nyingine. Oktoba 1896 wamisionari wawili wa Leipzig, Ewald Ovir na Karl Segebrock, waliuawa Akeri na mashujaa wa Kimeru na Kiarusha. Wajerumani walilipiza kisasi vibaya sana, wakiwatumia pia wapiganaji wa Kichaga. Mwaka 1902 misheni ikafunguliwa Nkoaranga. Kwa nini waliuawa? Kanisani wanaitwa mashahidi wa imani. Lakini Kapteni Johannes alikuwa eneo hilohilo na askari wake, na habari za vita vya Wajerumani huko Kilimanjaro zilikwishafika Meru. Hebu jiulize, shujaa aliyelala na mkuki wake angetofautishaje hema la Biblia na hema la bunduki?

Hapa Mazrui anatufaa na anatupungukia. Anatufaa kwa kuonyesha kuwa miungu wapya walikuja wameongozana na dola. Anatupungukia kwa sababu urithi wake wa aina tatu una harufu ya Mombasa, ambako adhana, kengele na ngoma vinasikika mtaa mmoja. Mlimani kwetu Uislamu haukuwa mhusika mkuu. Mhusika wa tatu alikuwa ardhi. Mwaka 1951 serikali ya Mwingereza iliwahamisha Wameru wapatao 3,000 kutoka Ngare Nanyuki na kuchoma nyumba zao ili kuwapisha walowezi. Mwaka uliofuata Kirilo Japhet akapeleka shauri Umoja wa Mataifa. Wakati huo miongoni mwa waliohamishwa walikuwamo Walutheri, na aliyewahamisha alikuwa Mkristo mwenzao! Huwezi kuieleza habari hiyo kwa dini peke yake.

Mwaka 1999 Henry Louis Gates naye alitoa filamu, Wonders of the African World, akafika Uswahilini na Ethiopia kulikosimuliwa kuwa na Sanduku la Agano. Mazrui akamvaa kwa hasira, hasa juu ya namna alivyowaeleza Waswahili na biashara ya utumwa. Yaani, yule aliyeshutumiwa na Soyinka alikuwa sasa mshtaki. Alifariki Marekani tarehe 12 Oktoba 2014, akazikwa Mombasa. Akeri haikuwahi kuingia katika kamera yake, na mashujaa wale wa 1896 tunaendelea kuwasoma zaidi kwa kalamu ya wamisionari.